Neno la Kutoka

Kenua tu, bwana. Kenua mpaka meno yakauke. Umekuja kwangu na daftari lako, umekunywa kahawa vikombe viwili, umeniuliza reli yetu ya Strassfeld ilikuwa na maili ngapi, ilijengwa lini, vichwa vya treni vilinunuliwa kwa nani, na kila nililosema umeliandika bila kuuliza mara mbili. Nimetamka neno jini, kalamu imesimama. Maili sabini na moja umeziamini, na hukuzipima. Basi iweke kalamu yenyewe chini. Mimi nilisoma mpaka darasa la sita, nikatolewa shule kwenda kukamua ng'ombe, lakini masikio hayakutolewa. Nilifagia stesheni ile miaka kumi na moja. Redio ya kusemeshana na treni ilikuwa mezani, ikizungumza mchana kutwa, na mimi nilikuwa na ufagio na sina haraka.

Kampuni kubwa iliijenga reli hii wakati babu zetu wameshuka juzi tu kutoka nyika za Urusi, Wajerumani wasiojua Kiingereza hata cha kuombea maji. Kila maili nane stesheni, na kila stesheni ghala la ngano lililoupita mnara wa kanisa kwa urefu. Treni moja ilikuwa na watu watano. Mwaka wa themanini na nne wakubwa wakasema njia hii ni hasara, wakataka kuing'oa. Wakulima wakalia mpaka akatokea Clayton Boe, Mnorwe, muuza matrekta, akainunua nzima na vichwa viwili vya treni vilivyochoka kama magoti yangu. Watu watano wakawa wawili, dereva juu na mfungaji wa mabehewa chini. Dereva alikuwa mdogo wangu, Pius Kessel. Mfungaji alikuwa jirani yetu Ambros Wetsch, mtu mpole, aliyeimba kanisani kwa sauti mbovu kuliko zote.

Siku hizo hawakuwa na redio. Mfungaji alipunga mkono, dereva alitazama kioo. Februari ya kwanza baada ya Boe kuinunua, theluji ikiruka, Ambros aliingia katikati ya mabehewa kuunganisha mipira inayopitisha hewa ya breki, na Pius hakumwona. Akarudisha treni nyuma futi mbili. Futi mbili ni upana wa meza hii. Vile viungo vya chuma vinavyoshikana kati ya behewa na behewa, kila kimoja ni kama ngumi ya jitu, vilishikana, na Ambros alikuwa katikati yake.

Baada ya mazishi ndipo Boe akaleta redio za mkononi, na pamoja nazo sheria. Mtu wa chini akitaka kuingia, anasema redioni, "Naingia kati." Dereva anafunga breki, anaondoa nguvu kwenye injini, anajibu, "Ingia, nimefunga." Tangu hapo treni ni mlima. Haisogei hata gari la zimamoto likipiga king'ora, mpaka yule yule aliyeingia aseme, "Nimetoka." Yule yule. Bosi hawezi kumsemea, padri hawezi, mke wake hawezi. Pius aliishika sheria ile kuliko anavyoishika rozari, na sababu unaijua.

Wafungaji walikuja wakaondoka, kwa sababu Boe alilipa kama mtu anayeng'olewa jino. Mwishowe kazi akaichukua Renita, binti wa pekee wa Pius, msichana wa miaka ishirini na nne, mrefu, mwenye mdomo kama wangu. Mama yake alikuwa amekufa. Pius hakutaka hata kidogo.

"Baba, mbona unanichungulia kwenye kioo kama mwizi wa kuku?" nilimsikia akiuliza redioni siku ya kwanza.

"Naangalia kama umevaa glavu."

"Nimevaa glavu, nimevaa kofia, nimevaa suruali mbili. Nikianguka nitadunda."

Miaka mitatu walifanya kazi hivyo, na yeye hakukosea neno hata mara moja.

Sasa sikiliza. Ilikuwa Januari, saa nane mchana, jua jeupe, baridi ya kupasua chupa. Ninyi mnapenda majini yaje usiku, mkiwa tayari mna usingizi. Hili lilikuja na jua. Treni ilisimama kwenye ghala la Kirchfeld na mabehewa ishirini na sita ya ngano. Pius alikuwa ndani ya kichwa cha treni anakula soseji. Redio ikasema, "Naingia kati."

Pius akafunga breki, akajibu mdomo umejaa, "Ingia, nimefunga." Kisha akageuka upande wa kushoto, na Renita alikuwa amekaa pale pale karibu naye, kijiko cha supu mkononi, anamtazama.

"Baba," Renita akasema polepole, "umemjibu nani?"

Waliteremka wakatembea treni nzima, huku na huku. Theluji ilikuwa mpya na haikuwa na alama ya kiatu. Lakini kati ya behewa la kumi na moja na la kumi na mbili, mipira ya hewa iliyokuwa imeunganishwa asubuhi ilikuwa imefunguliwa, inaning'inia, na pale palinuka ngano iliyoloa na kuoza, ile harufu kama ya pombe inayotoka chini ya reli wakati wa kiangazi. Januari ngano haiozi. Januari hata maiti haiozi.

Renita aliunganisha mipira. Wakangoja nusu saa. Hakuna aliyesema ametoka. Mwishowe waliondoka, na treni iliposogea, Pius alihisi kitu kikipita kwenye chuma kuanzia nyuma mpaka kwenye kiti chake, kitu laini, kama gari linapopanda juu ya gunia.

Kesho yake tena, saa nane. Keshokutwa tena. Wakiwa Kirchfeld, wakiwa Strassfeld, wakiwa katikati ya shamba lisilo na mtu wala mbwa. "Naingia kati." Mwanzoni sauti haikuwa ya mtu yeyote, ilikuwa kama upepo uliofundishwa. Baada ya wiki mbili ilikuwa na kifua. Baada ya mwezi ilikuwa na mafua kidogo, na niliposimama na ufagio wangu mezani pale nikaijua, kwa sababu nilikuwa nimekaa nyuma ya sauti ile kanisani miaka ishirini.

Padri aliniambia tumwombee Ambros. Tukaomba. Jumatatu redio ikasema, "Naingia kati," kama kawaida.

Pius akaacha kusogea. Akishajibu hawezi kusogea, na kujibu hawezi kuacha, kwa sababu redio hukwaruza, hajui ni lini aliye chini ni binti yake na lini siye. Safari ya kuchukua saa nne ikachukua saa tisa. Boe akaja stesheni, shingo nyekundu.

"Kessel, mabehewa yangu yanalala njiani kama ng'ombe! Unamngoja nani?"

"Namngoja aliyeingia, bosi."

"Hakuna aliyeingia! Msichana wako yuko hapa, anatafuna mkate!"

"Usinitie mimi humo," Renita akasema. "Mimi nimetoka tangu asubuhi. Yeye ndiye bado."

"Ninyi Wajerumani wa Urusi mkikosa shetani mnamchonga." Boe akapanda mwenyewe kwenye kichwa cha treni. "Endesha. Mimi naamuru."

Pius aliendesha. Nilikuwa stesheni, redio imewashwa, na nilisikia mabehewa yakivutana moja baada ya jingine, tak, tak, tak, mpaka la kumi na moja, na hapo redio ikatoa pumzi, pumzi ndefu ya mtu aliyebanwa kifuani ambaye anataka kusema jambo na hewa haimtoshi, ikaendelea na kuendelea, dakika nzima, mpaka nikajikuta na mimi nimeshika pumzi yangu nikimngoja aimalize ya kwake. Boe aliteremka uso umekuwa kama unga. Koti lake lilinuka pombe ya ngano, na Boe ni Mluteri, hanywi.

"Fanyeni mnachofanya," akaniambia akipita. "Msinieleze."

Basi mimi ndiye niliyemleta Bibi Magdalena Ibach. Wazo lilikuwa langu, liandike hilo ukitaka. Alikuwa na miaka themanini na minne, anaponya kwa maneno, kama walivyoponya bibi zetu huko tulikotoka. Ugonjwa wa mkanda wa jeshi, mtoto aliyeshtuka, ng'ombe anayezuia maziwa, anapuliza mara tatu, anasema maneno yake mara tatu, basi. Halipwi wala haambiwi asante, ukimwambia asante dawa inaharibika. Tulimpandisha kwenye kichwa cha treni watu watatu, mmoja anavuta, wawili tunasukuma.

"Msinishike huko," akafoka. "Mume wangu amekufa, si mimi."

Akakaa kwenye kiti cha Renita, blanketi magotini. Akataka aelezwe sheria ya maneno, tukamweleza. Akauliza, "Ambros alipokufa, maneno haya yalikuwapo?"

"Hapana, Bibi," Pius akasema. "Yaliletwa baada yake."

"Ndiyo hivyo. Roho yake imesikia miaka hii yote mnavyosema, imejifunza la kuingia. La kutoka haliwezi. Aliingia akiwa hai akatolewa amekufa, hajawahi kutoka kwa miguu yake. Na wewe Pius umejifungia sheria kwamba mwingine hawezi kumsemea. Basi tumfundishe aseme mwenyewe."

Sote tuliona ni akili. Watu wa reli, wakulima, mimi, hata Renita. Tulikuwa na sheria, na mtu amenasa ndani ya sheria, tukamtafutia njia ya kisheria ya kutoka. Hakuna aliyeuliza kama aliyenasa ni mtu.

Saa nane redio ikasema. Pius akajibu. Bibi Magdalena akapuliza redio mara tatu, akasema kwa sauti ya kumlaza mtoto, "Ambros, mwana wa Katharina. Sema: nimetoka."

Harufu ikaanza kupanda kutoka sakafuni.

"Ambros. Sema: nimetoka."

Kitu kikakwaruza huko ndani, kama ukucha kwenye bati.

"Ambros, kwa mara ya tatu. Sema: nimetoka."

"Ni," redio ikasema. "Nime." Ikavuta pumzi. "Nimetoka."

Pius akajibu, "Umetoka, nafungua," na machozi yakamshuka kwenye masharubu. Akafungua breki. Treni ikaondoka laini kama siagi. Renita akamkumbatia baba yake kwa nyuma na kofia yake ikaanguka, akacheka. Nilioka keki ya jibini, nikampelekea Bibi Magdalena bila kusema neno, naye akaipokea bila kusema neno.

Wiki tano hatukusikia kitu. Pius alinenepa. Renita akaanza kutoka na kijana wa ghala la Kirchfeld, mmoja wa kina Vetter, akaniambia, "Shangazi, ana masikio makubwa lakini anasikiliza."

Tarehe tisa Aprili kulikuwa na ukungu. Treni ilikuwa hapa hapa Strassfeld, inapanga mabehewa matupu. Saa nane nilikuwa nafuta meza, na nilisikia yote, neno kwa neno.

"Baba, naingia kati."

"Ingia, nimefunga."

Sauti ilikuwa yake. Alikuwa na mafua siku ile, na mafua yalikuwamo. Nikasikia glavu zikisuguana, nikasikia kupitia dirishani akipiga mpira wa hewa kuondoa barafu, na nikaendelea kufuta meza, na baada ya muda wa kutosha kuunganisha mipira, wala si mfupi wala si mrefu, sauti yake ikasema, na mafua yake, na ule uvivu wa mwisho wa neno aliokuwa nao tangu mtoto, "Nimetoka, Baba," na mkono wangu ukasimama mezani kwa sababu nilikuwa bado nasikia, nyuma ya maneno yale, mpira wa hewa ukipigwa na chuma, tak, tak, mtu bado anaondoa barafu, na nikajitupa kwenye redio nikabonyeza kitufe nikapiga kelele jina la ndugu yangu, lakini Pius alikuwa ameshabonyeza chake kumjibu yule, na redio ile wawili wakizungumza kwa pamoja hakuna anayesikika, na alichokuwa akisema kilikuwa, "Umetoka, nafungua."

Futi mbili.

Nilikimbia, na umri wangu huu. Pius alikuwa ameshateremka. Renita alikuwa amesimama wima katikati ya mabehewa mawili, viungo vya chuma vimeshikana na yeye ndani yake, kofia iko kichwani sawasawa, uso mweupe, hana maumivu. Wanaobanwa hivyo hawana maumivu mpaka vitenganishwe, kila mtu wa reli anajua. Alimtazama baba yake kama mtoto anayesingiziwa.

"Baba," akasema, "mimi sijatoka."

"Najua, mwanangu."

"Sikusema. Mimi sikusema, Baba."

"Najua. Najua."

Gari la hospitali lilikuwa na maili arobaini za ukungu. Padri alifika kwanza. Renita alizungumza nasi dakika ishirini, akauliza kijana Vetter aambiwe na nani, akaniomba nimkune pua, nikamkuna. Halafu akanyamaza akiwa wima vile vile. Na redio iliyokuwa mkandani mwake, ambayo mkono wake haukuigusa, ikasema kwa sauti yake, kwa furaha, "Nimetoka."

Huyo hakuwa Ambros. Ambros angelijipasua kabla hajamgusa mtoto wa jirani. Kilikuwa kitu kilichokuta maneno ya Ambros hayana mtu ndani, kikaingia, na kilikuwa na upungufu wa neno moja tu la kuua watu. Tukakiletea. Tukakifundisha mara tatu, taratibu, ili kisikosee.

Boe alifunga reli kiangazi kile. Ngano sasa inakwenda kwa malori. Watu wa chuma chakavu waling'oa njia yote, isipokuwa hatua arobaini, ambazo juu yake kuna kichwa kimoja cha treni na behewa moja, na ndani yake kuna Pius. Ulipita karibu ukija, ukadhani ni makumbusho. Siku ya tatu baada ya mazishi alikwenda kuchukua vitu vyake, na redio ikamwambia, "Baba, naingia kati." Akajibu. Niambie wewe msomi, ungenyamaza?

Huu ni mwaka wa sita. Mkono wake uko kwenye breki. Nimemwekea jiko la kuni na mablanketi. Injini ilikufa zamani, na redio ile haina betri, nilizitoa kwa mikono yangu nikazitupa kisimani. Kila siku saa nane inamwambia, "Nimetoka, Baba," kwa kubembeleza, wakati mwingine inacheka kama alivyocheka, wakati mwingine inalia kwamba ni baridi na inataka kwenda nyumbani. Na kila siku anajibu, "Hujatoka, mwanangu. Nimefunga."

Nilimwambia, "Pius, lile ni jini."

Akasema, "Huenda, dada. Na kama siku moja ni yeye?"

Jana alikohoa damu, leso nzima. Leo wanakuja kumchukua kumpeleka hospitali ya Bismarck, na ameniambia hateremki mpaka awepo wa kuipokea breki mkononi mwake. Vetter ana watoto. Bibi Magdalena alikufa, Boe amehamia Arizona. Mimi nina miaka sabini na mmoja na sina mtu anayeningoja. Siamini kuwa ni Renita, na nimekwambia hivyo. Lakini wazo la kumleta yule mganga lilikuwa langu.

Inakaribia saa nane. Ukimaliza kahawa, funika jiko. Usinisubiri, na usinifuate na hilo daftari. Mimi naenda. Kuna neno jingine watu husema wakiondoka nyumbani, lakini humu ndani hatulisemi tena.

Navaa koti, nabana mkate kwapani, naenda kuipokea breki, naufunga mlango.